Kola ya Askari Matano

Mwezi uliopita niliwakabidhi wenzangu sanduku la mavazi, nikarudi kwetu Msambweni kuangalia mihogo yangu. Wenzangu hao, ambao wengi ni rika la wanangu, wameniomba niwaandikie nilivyofanya kazi ile miaka yote. Nadhani walitarajia mashauri. Mimi sijui kushauri bila kusimulia, basi wavumilie.

Kazi yangu ilikuwa kuwavisha watu wanaojifanya watu wengine. Lakini sikuanzia huko. Nilianzia chumba cha cherehani cha hoteli moja ya Diani, nyuma ya dobi, mahali ambapo mgeni hafiki. Tulishona foronya, mapazia na sare za wahudumu. Siku yangu ya kwanza nilishona suruali ya mhudumu mmoja, mifuko ikaangalia nyuma. Yule bwana aliivaa wiki nzima kwa adabu zake, akawa kila akitafuta kalamu anajipapasa kama mtu aliyeumwa na siafu. Hakunishtaki. Aliyegundua ni mkubwa wangu, Mama Mutheu.

Mama Mutheu alikuwa Mkamba aliyekuja pwani akiwa msichana, akakaa. Jumapili alikuwa kanisani, siku sita nyingine alikuwa kwenye cherehani, na kote huko aliimba wimbo uleule. Aliiona ile suruali, akanivuta sikio kwa upole, akasema, "Mwanamisi, hii nguo ikona mbele na nyuma kama mtu. Uliza yeye kwanza."

Mimi nilimsahihisha Kiswahili, naye akanisahihisha mshono. Baada ya miaka kumi mshono wangu ulinyooka. Kiswahili chake kilibaki palepale. Aliniachia mambo mawili ambayo sijayatupa. La kwanza, pini zikae ndani ya kipande cha sabuni, ndipo zinapita kitambaani bila kukwama. La pili, usikate kitambaa cha ndani ya mshono kwa uchoyo. Acha upana wa vidole viwili. Mtu hunenepa, hukonda, hupata mimba, na nguo haina habari.

Kwenye picha niliingia kwa ajali. Walikuja watu wa kutengeneza filamu pale hotelini, na fundi wao wa mavazi akala pweza aliyelala siku mbili. Mama Mutheu akanisukuma mbele. Kazi ya kwanza ilikuwa arusi. Bwana arusi alioa mara kumi na nne siku ile, kwa sababu kila mara kitu kiliharibika, na katika mara ya tatu kanzu yake ikamwagikiwa mchuzi wa pilau. Nikaikimbilia kwa sabuni. Wakanizuia. Mara ile ndiyo waliyoipenda, kwa hiyo doa lilitakiwa libaki. Ikawa kazi yangu hadi magharibi ni kulilinda doa, na lilipofifia, kulipaka manjano kwa kidole. Nilikuwa nimeondoa madoa miaka kumi. Nikajua nimeingia dunia nyingine.

Nilifanya kazi nyingi baada ya hapo, lakini ninayoulizwa siku zote ni ile tamthilia ya askari. Basi niielezee vizuri.

Ilikuwa hadithi ya kubuni, katika jeshi la kubuni. Askari Matano ni mtu maskini wa cheo cha chini kabisa. Kapteni wake amemfanya mtumwa: anamfulia soksi, anamshikia mwavuli, anamchimbia kisima shambani kwake. Mtoto wa Matano anaugua kijijini, barua inakuja, kapteni anaitia mfukoni na kuisahau. Matano anapokuja kuisoma, mtoto ameshazikwa. Akiuliza, anaadhibiwa kwa kusimamishwa juani na jiwe kichwani. Mwisho anavunjika. Havunjiki kwa bunduki wala kwa kelele. Anavua sare tu, basi, na mtu ndani yake hayupo tena.

Nilipomaliza kusomewa nililia, kisha nikauliza sare ni ya rangi gani.

Haikufaa ifanane na ya jeshi lolote la kweli, kwa hiyo niliichovya mwenyewe kwa majani ya chai na hina. Rangi iliyotoka hakuna serikali ambayo ingeikubali. Mwongozaji aliipenda.

Mwongozaji huyo alikuwa kijana kutoka Nairobi, jina lake Brayo, mwenye akili nyingi na usingizi kidogo. Mimi aliniita "mathe", ndiyo mama ya kwao Nairobi. Asubuhi ya kwanza alinipungia mkono kwa mbali, "Mathe, niaje?" Nikamngoja afike karibu, nikamwambia, "Mwanangu, huku tunaanza na shikamoo, ndipo tunafika kwenye niaje." Akasema shikamoo, na kuanzia hapo hakuisahau, ila aliisema kama mtu anayelipa nauli.

Wa kuigiza kapteni alikuwa Festo, mhudumu wa baa hotelini, Mluhya mrefu mwenye sauti ya radi. Sauti yake tu ndiyo ilikuwa kapteni. Kila alipompiga Matano kofi la kuigiza, Brayo aliposema "kata", Festo alimshika shavu na kuuliza, "Pole ndugu, nimekuumiza?" Mara mbili aliuliza kabla ya "kata", ikabidi turudie.

Na Matano mwenyewe alikuwa Ndoro, Mduruma wa Kinango, mlinzi wa lango la hoteli jirani. Brayo alimwona akifungua lango, akasimamisha gari. Mungu alimpa Ndoro uso wa msiba. Nyusi zimeteremka, midomo imeteremka, macho kama ya mbuzi anayepelekwa mnadani Jumanne. Na ndani ya uso huo alikaa mtu mchangamfu kuliko wote niliowahi kuwavisha. Alicheka kwa mabega. Alikuwa anacheka, na mtu asiyemjua anampa pole.

Sare ilimkaa sawasawa siku ya kwanza. Brayo akaizunguka, akatikisa kichwa.

"Anakaa ameshiba," akasema. "Nataka njaa, mathe. Njaa ya ukweli. Kamera haidanganywi."

Akatoa amri kwa mpishi: Ndoro apewe chai ya rangi na muhogo mmoja wa kuchemsha kwa siku, hadi picha imalizike. Wiki tano. Ndoro mwenyewe alikuwa amesimama pale, na mwavuli wa kapteni mkononi.

"Umesikia, Ndoro? Uko poa na hiyo?"

"Ndiyo kazi," Ndoro akasema. "Mimi sijui. Nyinyi ndio mnaojua."

Siku ya nne nilipiga magoti kumpima pindo la suruali, tumbo lake likaningurumia sikioni. Nikainua macho. Uso ulikuwa uleule wa msiba, kwa hiyo haukuniambia kitu. Lakini mabega hayakucheka. Nikamshika mkono, ulikuwa baridi, saa sita ya mchana, na joto lile la Diani.

"Umekula nini leo?"

"Mama, ile chai."

"Na jana?"

"Ile ile. Lakini si mbaya. Nikishapata usingizi sioni njaa. Shida ni kulala na njaa, kabla usingizi haujaja."

"Kwa nini husemi?"

Akafikiri. "Nikisema, watatafuta mwengine. Huku wenye nyuso mbaya tuko wengi."

Sasa hapa ndipo ninapotaka wenzangu wasikilize, maana hapa ni kazi. Mtu haonekani amekonda kwa sababu amekonda. Anaonekana amekonda kwa sababu ya kilicho baina ya mwili wake na nguo. Ukitaka kumkondesha mtu, panua kola. Kidole kimoja tu, shingo inakuwa kama ya kuku. Shusha mshono wa bega uvuke bega lenyewe, mkono unakuwa kijiti. Sogeza vifungo, fungua kitambaa cha ndani ubavuni, mfunge mkanda juu ya mkunjo ili suruali ijikusanye kiunoni. Nilivifungua vile vidole viwili vya Mama Mutheu vyote, na palipopungua nikaongeza kipande nilichokichovya kwenye chai ileile ambayo Ndoro alikuwa akinyweshwa.

Na mchana huo nikaanza kupika sahani mbili. Kila siku saa saba Ndoro aliitwa chumba cha mavazi "kupimwa". Alipimwa kwa wali wa nazi na samaki wa kupaka. Alipimwa kwa bada, sima yetu ya muhogo, na mchuzi wa papa. Siku ya pili Festo aligonga mlango, akatazama sahani, akamtazama Ndoro, akaketi chini. Kuanzia hapo tulikuwa tunapima watu wawili. Kapteni alimchambulia Matano miba ya samaki.

Kila asubuhi Brayo alikuja kukagua. Aliingiza ngumi nzima ndani ya kola, akaizungusha, akafurahi.

"Waona, mathe? Wiki mbili tu. Njaa inafanya kazi yake."

"Naona, mwanangu."

"Hata kutembea kumebadilika. Amekuwa mzito, amekata tamaa."

Ndoro alikuwa mzito kweli. Alikuwa ameongezeka kilo nne.

Nisingekuwa na la kueleza zaidi kama tungebaki Diani. Wiki ya nne tukahamia Kinango kupiga picha ya ile adhabu ya juani. Mwenyeji wa Kinango hahitaji kuelezwa jua la kwao, na mgeni hawezi kulielewa. Mwaka ule mvua ilikuwa imekosa njia. Maji yalikuja kwa punda, madumu manne kwa kila punda, na kila mtu kambini alikuwa na dumu lake.

Hapa kola haikuweza kusaidia, kwa sababu Brayo alitaka jiwe la kweli. Aliletewa jiwe la kusagia, mtu mzima analinyanyua kwa mikono miwili. Ndoro akatwikwa asubuhi saa tatu katikati ya uwanja mtupu. Wakapiga kutoka mbele. Wakapiga kutoka nyuma. Wakachimba shimo wapige kutoka chini. Brayo alikaa pembeni akitazama kiskirini chake. Saa sita na nusu magoti ya Ndoro yakaanza kutetemeka, jiwe likayumba, na Festo, katikati ya hotuba yake ya kapteni, akanyamaza na kunyosha mikono alidake.

"Usimguse," Brayo akasema, hajainua macho. "Hiyo ni nzuri sana. Endeleeni kupiga."

Ndoro akaanguka. Jiwe, alhamdulillahi, lilipita pembeni ya mguu wake. Tulimweka kivulini, tukampa maji, akafungua macho akasema, "Nimekosea wapi?" Brayo akaja, akamchuchumalia, nina hakika alikuwa na wasiwasi wa kweli. Akampa pole. Kisha akasema kwamba kesho waanze mapema zaidi, wapate tena ile ya magoti, maana kamera ilikuwa imetikisika.

Mimi si mtu wa kugombana. Kwetu nyumbani wa kugombana ni dada yangu. Lakini asubuhi iliyofuata niliamka kabla ya watu, nikaichukua sare ya Matano, nikaitia beseni. Ilikuwa moja tu. Maji yangu yalikuwa yamekwisha, nikatumia dumu la mwongozaji la kuogea.

Saa mbili akaja.

"Shikamoo mathe. Sare iko wapi?"

"Marahaba. Imefuliwa."

"Nani amesema ifuliwe?"

"Jasho."

Akaitazama kambani, inadondoka. Akatazama juu, akatulia. "Na hili jua, nusu saa imekauka."

"Inshallah," nikasema.

Baada ya nusu saa ilikuwa imekauka kweli, kavu kama papa wa kuanikwa. Nikaitoa, nikairudisha beseni. Akaja, akaiona inadondoka. Akaenda. Akarudi, inadondoka. Wapiga picha wakalala chini ya lori. Ndoro alikuwa amejifunga kikoi changu, anakula ugali na mboga ya kunde kwa mama mmoja wa pale, mchana kweupe, kwa mara ya kwanza bila kujificha. Mara ya nne Brayo alisimama mbele yangu, mimi nikikamua.

"Mathe, hiyo nguo haikauki?"

"Haikauki leo. Wala kesho, kama jiwe ni lile."

"Unasimamisha kazi ya watu thelathini."

"Ndiyo. Nami nimo ndani ya hao thelathini."

Akaketi. Alikuwa kijana, na alikuwa hajaoga. Nikamuuliza kwa utaratibu, kwa sababu nilitaka kujua kweli, "Picha yako inahusu nini, mwanangu?"

"Unajua. Askari anatumiwa na mkubwa wake hadi anaisha."

"Na wewe umeketi kwenye kiti cha nani?"

Hakuwa amegundua. Kilikuwa kiti cha kapteni, kile cha kwenye picha, na jua lilipozidi jana mtu wa vifaa alikuwa amekifungia ule mwavuli wa kapteni juu yake. Brayo akautazama mwavuli. Akainuka kama mtu aliyekalia upupu.

Kwa kuwa nilikuwa nimeshaanza, nikamalizia na mengine. Nikamwambia kuhusu wali wa nazi. Nikamwambia kuhusu kola. Nikamwita Ndoro apimwe kiuno mbele yake, na tepu haidanganyi. Brayo akawaka, akasema nimemdharau, nimeiharibu picha yake, na gari la kwenda Kombani laweza kunichukua mchana huohuo. Nikasema sawa, lakini kwanza atazame alizopiga wiki nne zote, anioneshe ni siku gani Ndoro alishiba.

Aliingia hemani na kiskirini chake. Nikaanza kukunja vitu vyangu. Nilikuwa na hofu, sitaficha. Mtu anayefukuzwa katikati ya picha haitwi tena, na mimi niliipenda kazi ile kuliko nilivyowahi kumwambia mtu.

Alitoka baada ya saa nzima. Akapita karibu nami, akaenda hadi kwa Ndoro.

"Sioni," akamwambia. "Nimetafuta, sioni. Bro, nisamehe."

Ndoro akamsogezea sahani ya kunde. Brayo akala, na siku ileile fundi wa vifaa akachonga jiwe kutoka godoro kuukuu, akalipaka udongo. Lilipendeza mno. Tatizo likawa kwamba Ndoro alipotwikwa alicheka, kwa sababu halikuwa na uzito wowote, na upepo wa Kinango ulilichukua mara mbili, tukalifukuza hadi kwenye zizi la watu. Ilibidi nilibane kwa pini kofiani mwake.

Ikabaki siku ya mwisho, ya kuvua sare. Brayo alitaka Matano alie. Ndoro hakuweza. Walimpa kitunguu, wakamkumbusha misiba yake yote, akajitahidi kwa heshima, hakutoka chozi. Nikamwomba Brayo dakika kumi, nikamchukua Ndoro kando, nikamsimulia habari za ami yangu.

Ami Salimu alikuwa askari wa kweli, wa cheo cha chini hadi mwisho. Sikuwahi kujua walimfanya nini huko, hakusema. Siku aliyorudi, mimi nikiwa mdogo, alisimama uani akavua sare yake, akaikunja vizuri sana, pindo kwa pindo. Kisha hakujua aiweke wapi. Ndani hakutaka iingie. Chini hakuweza kuitupa. Akasimama nayo mikononi hadi shangazi akampokonya kwa upole, kama unavyompokea mtu mtoto aliyelala. Hakulia.

Ndoro akafunga vifungo vya shati. Akarudi uwanjani. Alivua shati, akalikunja. Akavua suruali, akaikunja. Akaweka kofia juu. Akageuka kulia, akageuka kushoto na kile kifurushi, uso wake ukiwa uso wake tu wa siku zote. Akaendelea kusimama. Brayo alisahau kusema "kata". Festo, aliyekuwa hata hayumo kwenye picha hiyo, alikwenda nyuma ya lori akalia kwa ile sauti yake ya radi, na ukisikiliza vizuri utaisikia. Watazamaji hudhani ni ngurumo.

Picha ilipokuwa tayari, Ndoro aliomba kitu kimoja: ioneshwe kwao kabla ya popote. Tulikwenda Kinango mchana mmoja, tukaziba madirisha ya ukumbi kwa mapazia meusi niliyoyashona mwenyewe. Watu walijaa, joto likawa la tanuri, hakuna aliyetoka. Mama yake Ndoro, bibi mfupi aliyevaa hando yake ya sikukuu, ile sketi ya marinda, aliketi mbele. Festo hakutaka kuingia. Tangu kipande cha picha kioneshwe kwenye simu za watu, mwenye nyanya pale Kombani alikuwa amemkatalia kumuuzia. Ndoro alimshika mkono akamkalisha ubavuni mwa mamake.

"Shikamoo, mama," Festo akasema.

Bibi akamtazama, akatazama ukutani.

Picha ikaanza. Alipopiga kofi la kwanza, Festo akainama na kunong'ona tena, "Shikamoo, mama." Kimya. Barua ilipokaa mfukoni mwa kapteni, bibi aliinua mkoba wake, akauhamishia upande wa pili, mbali na Festo. Matano alipokuwa amesimama na ile sare mikononi, ukumbi mzima ulivuta kamasi, na Ndoro wa kweli alikuwa amemshika mamake bega, akimwambia kwa Kiduruma, "Nipo hapa, mayo. Ni mimi, nipo hapa."

Nikafungua mapazia. Mwanga ukaingia. Festo alipiga magoti mbele ya yule bibi, mtu mzima wa urefu ule, jasho linamtiririka.

"Shikamoo, mama."

Bibi akamtazama. Akamtazama mwanawe, mnene, mzima, anacheka kwa mabega. Akapangusa uso kwa ncha ya leso, akamwekea Festo mkono kichwani.

"Marahaba," akasema. "Lakini usirudie."